Upepo wa Chumba cha Mwisho

Tarehe 4 Machi

Dada Mkubwa,

Salamu. Mgongo vipi? Na sikio? Mimi mzima, ila kifua kimejaa vumbi la chokaa, jioni nikikohoa natema meupe. Wajukuu kimya, maana yake wazima.

Tangu tumzike mdogo wako sijakuandikia. Najua. Ningepiga simu, lakini wewe ukipokea husikii, na ukisikia unafoka. Dereva wa basi kasema barua ataifikisha.

Nimepata kibarua. Hutaamini wapi. Ile nyumba mliyopanga na mama yenu mkiwa wadogo. Ghorofa ile ya mawe, ukumbi mrefu katikati, vyumba kushoto na kulia, bomba uani. Chumba chenu cha mwisho chini bado kipo. Wanaikarabati iwe nyumba ya kuonyesha. Watu walipe kiingilio waone zamani watu wa kawaida waliishi vipi. Si matajiri. Wapangaji. Wapiga pasi, wauza mkaa, makuli. Nilivyosikia nikasema haya, leo na sisi tumekumbukwa.

Kumbe bado. Siku ya pili tu msimamizi katuambia tubomoe choo cha uani. Choo cha wapangaji. Eti hakipendezi, wageni watawekewa kipya chenye vigae. Nikamuuliza, hao watu wa kawaida unaotaka kuwaonyesha walikuwa hawaendi chooni? Akasema mzee, wewe beba tofali. Nikabeba.

Kazi yangu nyingine ni kukwangua kuta. Ukikwangua taratibu rangi zinatoka moja moja, kila mpangaji na yake. Chenu kina kijani chini ya bluu chini ya maziwa. Kijani nadhani ndiyo yenu.

Kuna binti msomi, sisi tunamwita Dada wa Historia. Anapenda milango. Unakumbuka kila mpangaji alikuja na pete zake za kufuli, akazipigilia, akihama anazing'oa anaondoka nazo? Basi milango yote nje ina matundu. Yeye anayapiga picha. Anasema kila matundu mawili ni familia. Sikuwahi kuliwaza hilo, nimelipenda.

Akaniuliza chumba cha mwisho nani alikaa. Nikasema mama mkwe wangu, mpiga pasi, na binti zake wawili, mdogo nilimuoa mimi. Akafurahi kama kaokota kitu. Akaona na kwa ndani mlango wenu una matundu, mengi, ovyo ovyo, juu mpaka katikati. Akauliza haya ya nini? Nikamwambia alivyokuwa akiniambia mke wangu. Mama alikuwa anaogopa upepo. Upepo ukivuma alikuwa anahamisha komeo na analala chini, mgongo kwenye mlango. Vijana wakacheka, mimi nikacheka. Ataandika ubaoni, utundikwe pale pale.

Nimeona nikuambie ufurahi. Kuna la kuongeza? Aliogopa upepo tu au na radi pia?

Shemeji yako


Tarehe 15 Machi

Shemeji,

Salamu zimefika. Mgongo ni ule ule. Sikio ni zima kuliko unavyosema.

Nani alikutuma?

Nakuuliza wewe mume wa mdogo wangu. Nani alikutuma kumtoa mama yangu nje na kumgawia watu? Ulimfahamu wewe? Ulipokuja kuposa alikuwa ameshakwisha, anakutazama tu kutoka kitandani. Hukumjua mama akiwa mtu mzima mwenye mikono yake. Pasi ile ya mkaa aliinua kutwa, asubuhi mpaka jua linazama, mkono wa kulia ulikuwa mnene kuliko wa kushoto. Huyo ndiye wa kuogopa upepo? Na mkacheka. Umekaa na vijana wa kazi mkamcheka mama yangu mbele ya mlango wake.

Nenda kaufute huo ubao. Sitaki jina lake pale, sitaki kazi yake pale, sitaki upepo wala radi. Watu walipe kiingilio wamtazame mama yangu alivyolala chini? Hatukuwa wanyama wa kutazamwa.

Swali moja. Mtoto wa mwenye nyumba, yule aliyekuwa akikusanya kodi, tuliyemwita Bwana Funguo. Yuko hai?

Wasalimie wajukuu.

Dada Mkubwa


Tarehe 22 Machi

Dada Mkubwa,

Salamu. Barua yako imenikuta mzima, nimeisoma mara mbili nikaugua.

Umenifokea. Sawa. Mimi ni mtu wa kubeba zege, adabu za maandishi sina. Lakini nilisema alichoniambia mke wangu, mdogo wako. Sikutunga. Na mama mkwe nilimheshimu, sabuni ya kumwogeshea nilinunua mimi, usisahau.

Nilikwenda kwa Dada wa Historia. Nikamwambia lile la upepo toa, wenyewe hawataki. Akasema ubao uko kwa mchoraji, tayari. Akasema nalo ni zuri, wageni wanapenda vitu vidogo vya kibinadamu. Nikamwambia si kitu kidogo, ni mama wa mtu. Si mbaya yule binti. Hajui.

Bwana Funguo yuko hai. Sikujua kuwa mlimwita hivyo. Mzee sasa, fimbo, suti, wanawe wawili wanamshika huku na huku. Kumbe nyumba katoa yeye, bure, iwe ya historia. Picha yake itakaa mlangoni kubwa kama dirisha, chini wanaandika kwamba aliwapokea wasio na pa kukaa. Alikuja Jumatano. Wakamwekea kiti ukumbini. Akasema, "Hii milango yote naijua, kila mmoja na mlio wake." Msimamizi akacheka mpaka akajipiga paja. Kazi kumpaka mafuta tu.

Akauliza chumba cha mwisho kimebaki vipi. Msimamizi akanisukuma mbele, eti huyu ni mkwe wa pale. Mzee akanishika mkono akaung'ang'ania. Akauliza, "Wale wasichana wawili wako wapi?" Nikamwambia mkubwa yuko mbali, mdogo ndiye marehemu mke wangu. Akatikisa kichwa. Akasema, "Alikuwa mpole yule."

Nikafurahi, Dada. Sikufichi. Mke wangu kukumbukwa na mtu mkubwa vile. Akatununulia soda sote. Nikanywa.

Alipoondoka msimamizi akaja na amri. Matundu ya nje ya milango yaachwe, ndiyo historia. Ya ndani yazibwe yote na kupakwa rangi, mzee kataka hivyo, eti ndani yanaharibu sura. Gundi na unga wa mbao, kazi nimepewa mimi.

Nikajiuliza, tundu la nje ni historia, tundu la ndani ni uchafu? Mlango si huo huo?

Sasa nijibu wewe. Kwa nini umeniuliza kama yuko hai?

Shemeji yako


Tarehe 9 Aprili

Dada Mkubwa,

Salamu. Mgongo natumaini haujazidi. Dereva kasema barua alikupa mkononi, na kila akipita amekuuliza jibu, unamwambia kesho. Kwa hiyo unayo. Basi umeamua.

Nakuandikia hili moja.

Nimeziba vyumba vya juu vyote. Huko matundu ya ndani ni machache, masafi. Nimeshuka chini, na huko nimeziba haraka haraka, chumba kimoja kimoja. Jana nimefika kwenu. Nikachanganya gundi yangu, nikaingiza kidole kwanza kutoa vumbi, ndivyo tunavyofanya, ukizibia juu ya vumbi gundi haishiki.

Kidole kikakwama.

Dada, mimi nimevunja nyumba nyingi. Mtu akihama anang'oa komeo lake kwa nyundo, taratibu, maana analitaka. Tundu linabaki duara. Haya si duara. Misumari imetoka na nyama ya mbao. Ubao umechanika. Na fremu hivyo hivyo. Katikati, halafu juu kidogo, halafu juu tena, halafu juu kabisa ambapo mbao ilikuwa bado nzima. Mlango huu ulisukumwa. Kutoka nje. Na mtu wa ndani akawa anahamisha komeo kutafuta pa kushika.

Upepo hausukumi hivyo. Na chumba chenu hakina upepo. Kiko mwisho wa ukumbi, kimezibwa pande zote. Nimefanya kazi pale mwezi mzima natoka jasho, sikuwaza.

Niambie au usiniambie. Lakini gundi nimeimwaga.

Shemeji yako


Tarehe 17 Aprili

Shemeji,

Nimepokea. Mgongo uache, leo si habari ya mgongo.

Nitakuambia mara moja, na ukija kwangu usiniulize tena.

Ule mlango ulikuwa na kitasa cha mwenye nyumba. Mchana ukitoka unafunga kufuli lako nje, hilo lako mwenyewe. Lakini ukiwa ndani umelala kufuli la nje halikusaidii. Kilichobaki ni kitasa, na ufunguo wa kitasa anao yule mtoto wake. Vyumba vyote anao, kwenye pete moja, kiunoni. Ukisikia mlio wake ukumbini unajua ni yeye. Ndiyo maana tukamwita Bwana Funguo. Watoto walimwigiza kwa vijiko.

Mama mjane, mimi nimeanza kukua, mdogo wangu bado ana meno ya maziwa. Siku ya kwanza alifungua kabisa, akasimama mlangoni, akasema amekuja kuona kama paa linavuja. Chumba cha chini, paa gani? Mama alishika pasi. Ilikuwa na moto. Akaondoka anacheka.

Kesho yake mama akanunua komeo. Baada ya hapo ikawa hivyo. Akinywa anakuja. Kitasa kinafunguka, komeo linashika, anasukuma bega. Mama anakaa chini mgongo kwenye mlango, miguu ameikaza kwenye kitanda, na mimi nakaa juu ya kitanda kisisogee. Hakuna anayeongea. Yeye anahema kule, mama anahema huku. Komeo liking'oka, asubuhi mama anatafuta mbao nzima anapigilia tena.

Mdogo wangu aliamka akauliza, mama nini? Mama akasema upepo. Akamwambia lala, huu upepo wa msimu, utapita. Na yeye akaamini. Akakua nao, akaolewa nao, akakupa na wewe. Mimi sikumwondolea. Nimwondolee ili iweje? Alikuwa na usingizi wake mzuri, mtoto yule, mpaka anakufa alilala kama gogo. Usingizi ule mama ndiye alimnunulia.

Eti "alikuwa mpole". Mdomo ule umemtaja mdogo wangu, na wewe ukamshukuru. Sikulaumu. Kama ungejua ungemzaba kofi, ukafungwa, wajukuu wakakosa babu. Lakini soda ile natamani ingekupalia.

Hakuingia. Lishike hilo. Hata siku moja hakuingia.

Na hujui lililo baya zaidi. Asubuhi mama anafungua, anatoka na meza yake ukumbini, anawasha mkaa, na shati la kwanza ni la yule. Alikuwa anapiga pasi nguo za nyumba ile yote na za kwake kwanza. Kola, mikono, mgongo, analikunja, anampelekea. "Umeamkaje, bwana?" "Nimeamka salama, mama." Bega lile lile lililosukuma mlango, mama analinyooshea shati. Tungehamia wapi?

Na ukumbi mzima ulisikia. Milango ya ubao mwembamba ile, mtu akipiga chafya chumba cha kwanza, cha mwisho wanasikia. Hakuna aliyefungua. Hata mmoja hakukohoa. Hilo ndilo sikuwasamehe wapangaji. Eti wanataka kuandika tuliishi vipi. Tuliishi kila mtu na mlango wake, ndivyo tulivyoishi.

Sasa sikia. Usizibe. Lakini usiseme. Mimi bado naishi na watu, sitaki wajukuu wangu wanitazame kwa huruma. Na hilo la upepo liondolewe, kama ni kwa meno liondoe kwa meno.

Dada Mkubwa


Tarehe 26 Aprili

Dada Mkubwa,

Salamu. Sijui niulize nini. Kula unakula?

Barua yako niliisoma uani, nimekaa kwenye rundo la matofali ya kile choo. Nikakaa. Msimamizi akapita akasema mzee mapumziko yameisha. Nikamwambia pita. Akapita, nadhani aliona uso.

Mke wangu alikuwa akiniambia, mume wangu funga dirisha, mimi mtoto wa mama mwoga wa upepo. Anacheka. Miaka yote ile nacheka naye. Huyo mzee alikaa kwenye kiti amekula ameshiba, ananishika mkono. Mkono huu. Nimeuosha kwa sabuni ya vyombo, najua ni upuuzi, nimeuosha.

Nilikwenda kwanza kwa Dada wa Historia. Nikamwambia, ubao wa chumba cha mwisho nilikudanganya bila kujua. Hakuogopa upepo. Toa. Akasema ubao umeshatundikwa, akataka kujua sababu. Nikamwambia sababu sina ruhusa. Njoo utie kidole hapa.

Akatia. Tundu la kwanza, la pili, la tatu. Akapanda na kidole mpaka juu. Akaangalia fremu. Akafunga mlango, akabaki yeye ndani mimi nje, akasema, "Baba, sukuma kidogo." Nikagusa tu. Akafungua, macho mekundu. Akaenda akaung'oa ubao mwenyewe kwa mikono, kucha ikavunjika.

Halafu nikamtafuta seremala wetu. Tunamwita Sindano, mwembamba, akisimama ubavu humwoni. Nikamwambia nataka mlango wa chumba cha mwisho ugeuzwe. Wa ndani uwe nje.

"Mzee, mlango si shati."

"Unaweza huwezi?"

"Naweza. Bawaba nahamishia upande wa pili. Lakini kwa nini?"

"Nimechoka kuuona mgongo."

Akanitazama. Akachukua bisibisi. Wenzetu walipokwenda kula tukaushusha, tukaugeuza, tukaufunga. Sasa ukisimama ukumbini unayaona yote, yamechanika vile vile, mbele ya macho. Sikusema neno, kama ulivyotaka. Mlango nao hausemi. Umekaa tu.

Msimamizi alikuja jioni. Akauangalia muda. Akasema, "Huu mlango umegeuka?"

Sindano akasema, "Mlango uko sawa, bosi, nyumba ndiyo imegeuka."

Hakucheka. Akaniambia nizibe sasa hivi na nipake rangi. Nikasema sizibi. Akasema basi vua buti za kampuni. Nikavua. Akamwambia Sindano azibe yeye. Sindano akasema gundi imekwisha, na dukani imekwisha, na kiwandani amesikia imekwisha. Dada wa Historia akatoka ofisini akasema kwa sauti, huo mlango nimeupokea mimi, asiuguse mtu. Msimamizi akanitolea macho mimi badala yake. Mimi ndiye wa kutolewa macho.

Nimerudi nyumbani pekupeku. Sijali. Siku ya kufungua nitakwenda. Siku hiyo kiingilio bure.

Shemeji yako


Tarehe 8 Mei

Dada Mkubwa,

Salamu. Uzima ninao, kazi sina, hasira ipo.

Nakueleza ya siku ya kufungua. Kaa kwanza.

Walijaa. Viti, vipaza sauti, watoto wa shule. Mzee mbele kabisa, suti nyeupe, imenyooka. Nikaiangalia ile kola mpaka shingo ikaniuma. Akapewa kipaza sauti. Akasema, "Hapa tuliishi kama familia moja. Milango ilikuwa wazi." Wakapiga makofi. Nilikaza meno mpaka taya likalia.

Walikuwa wamealika na wapangaji wa zamani, waliobaki. Wazee. Wanawake wengi, wanaume wamekwisha. Wakaanza kupitishwa ukumbini, mzee anatangulia na fimbo na wanawe, wageni nyuma, mimi nyuma kabisa na viatu vya kuazima.

Mzee akafika chumba cha mwisho. Akasimama.

Sikuona uso wake, niliona kisogo. Akasema taratibu, "Huu haukuwa hivi." Mwanawe akasema, "Nini, baba?" Akasema, "Umewekwa vibaya huu."

Nyuma yake alikuwa mama mmoja mnene, amejifunga kanga kiunoni, anatembea kwa kuyumba. Chumba cha tatu kushoto, aliuza mkaa, bila shaka mama alinunua kwake. Akampita mzee kama kampita mti. Akafika kwenye mlango. Akatia kidole. Sikumwambia mtu afanye hivyo, Dada, na hakuna aliyemwambia.

Akasema, na ana sauti ya kuita wateja, "Mpiga pasi alipigilia juu. Mimi komeo langu nilipigilia chini, usawa wa goti. Hapo bega halifiki."

Bibi mwingine, mdogo wa umbo, nyuma, akasema, "Mimi nilisukumia kabati."

Mwingine akasema, "Mimi niliweka kitanda cha chuma. Mpaka leo nyumbani kwangu kitanda kiko mlangoni, wakwe wananishangaa."

Mwingine alikwenda chumba chake mwenyewe, akafungua mlango, akapapasa kwa ndani pale nilipoziba. Nilipoziba mimi, Dada, kwa mkono wangu, vizuri, pamelainika. Akapapasa, akapapasa. Akaniuliza, "Wameyapeleka wapi?" Hilo nitakufa nalo.

Wanawe walimshika mzee. Mmoja akasema baba amechoka na joto. Muuza mkaa akasema, "Mpisheni, amechoka. Zamani alikuwa hachoki." Akapishwa. Fimbo ile iligonga ukumbi mzima mpaka nje na hakuna aliyempa mkono.

Unadhani kilitokea nini baada ya hapo? Hakuna. Waliondoka kwa gari. Msimamizi alisema wageni tuendelee ghorofani. Vinywaji viligawiwa. Picha yake bado iko mlangoni na maneno yake chini. Nilitaka kuishusha kwa mikono yangu, Sindano akanishika shati. Akasema, "Mzee, ukifungwa wewe, yeye anakuja kukuona na soda."

Dada wa Historia hakuandika chochote. Alileta viti. Aliwakalisha wale wanawake ukumbini, mbele ya mlango wenu, na walikaa mpaka jioni wakizungumza. Wageni walipotaka kupita aliwaambia zungukeni.

Muuza mkaa aliniuliza habari zako. Nikasema yupo. Akasema, "Mwambie tulisikia. Mwambie na sisi tulikuwa tumeegemea milango ya kwetu. Mkono wa kufungua ungetoka wapi?"

Nimekufikishia. Umsamehe usimsamehe, ni juu yako.

Shemeji yako


Tarehe 19 Mei

Shemeji,

Salamu. Nimekula, nimelala, usiniulize tena kama mtoto.

Nilikuwa nadhani sisi peke yetu. Kumbe kila mmoja ndani ya nyumba ile alikuwa anadhani yeye peke yake. Nilipomaliza barua yako nilitoka nje nikasimama kwenye jua, jirani akaniuliza kuna msiba. Nikamwambia wa zamani.

Mwambie muuza mkaa nimesikia. Kusamehe bado. Lakini nimesikia.

Tulipohama mama aling'oa komeo lake kama mpangaji mwingine yeyote. Pete za kufuli aliuza, komeo hakuuza. Alilifunga pamoja na pasi. Pasi iliibwa, komeo likabaki, mwizi aliona si kitu. Nalituma kwa dereva, limo ndani ya gazeti. Misumari ni ile ile, imepinda, usiinyooshe.

Lirudishe mahali pake. Juu kabisa, pale pa mwisho.

Na sasa waandike. Mimi mzee, wajukuu wakinitazama kwa huruma nitawatandika. Mwambie huyo binti maneno yawe machache. Aandike kazi yake mama. Halafu aandike kwamba hakuingia.

Dada Mkubwa


Tarehe 27 Mei

Dada Mkubwa,

Salamu. Mzima.

Nililipa kiingilio kama mgeni, nyundo ndani ya suruali. Dada wa Historia alikuwa ananisubiri. Muuza mkaa alikuja pia, na yule wa kitanda cha chuma. Sindano alishika mlango usicheze.

Ubao mpya umewekwa. Umeandikwa hivi: Komeo la mpiga pasi aliyekaa hapa na binti zake wawili. Lilihamishwa kila liliposukumwa. Hakuingia mtu.

Wana wa Bwana Funguo wameleta wakili kuhusu ubao huo. Dada wa Historia kaambiwa achague ubao au kazi. Sijui itakuwaje. Amewaandikia barua, amesema mpaka waijibu ubao haushuki, na wanawake wale wanakuja kila siku kukaa pale na viti vyao, sasa wa kuushusha atawaambia nini waondoke.

Picha ya mzee nimewaambia waiache kwanza. Iko mkabala na mlango, ukumbi mzima katikati. Acha atazame.

Nililiweka komeo juu kabisa ulivyosema. Nyundo sikuitumia. Misumari ilizama yenyewe, imepinda vile vile, kila mmoja kwenye tundu lake.

Shemeji yako